Behewa la Katikati

Kimani,

Barua hii isome kwa sauti. Sikutanii. Kiswahili umekisikia tangu ukiwa tumboni, lakini kukisoma kwa macho hujui, na ukijaribu kimyakimya maneno yatakupita tu kama magari kwenye barabara kuu ya Beltway. Ukiyatamka, masikio yako yatayatambua. Nitakupa bahasha hii pale uwanja wa ndege wa Dulles, kabla hujaingia ndani kukaguliwa. Ukishapita, tafuta kiti, kaa, usome kabla ya kupanda ndege. Kama kuna mtu kando yako, soma kwa sauti ya chini. Atadhani unasali. Mwache adhani.

Aibu hiyo si yako, ni yangu. Pale Nakuru nilifundisha darasa la tatu. Watoto wa wenyewe niliwaimbisha ba, be, bi, bo, bu mpaka wakawa wanawasomea nyanya zao magazeti, na watoto wangu mwenyewe nikawaacha hivi hivi. Nilipofika huku Marekani nilijiambia Kiingereza kwanza, Kiswahili kitajileta chenyewe. Wapi! Kaka yako Macharia alikuja akiwa mkubwa kidogo, alikuwa ameshapita kwenye mikono ya walimu wa kwetu, ndiyo maana yeye alikuwa ananijibu. Wewe na dada yako Wambui mnaelewa kila kitu, hata umbea ninaouongea kwa simu bafuni nikidhani hamsikii, halafu mnanijibu Kiingereza. Na sasa Kijapani unakiandika kutoka juu kwenda chini. Kijapani, Kimani! Kiswahili cha mamako kilikukosea nini?

Haya, wacha. Nimeanza kugomba na hata sijakaa vizuri. Umeenda kwa kinyozi na Wambui amekufuata aone usinyolewe vibaya, kwa hivyo meza ya jikoni ni yangu mpaka mrudi. Mambo ya sweta, dawa za kifua na kupiga simu ukifika, hayo Wambui ameshakuambia yote, tena kwa sauti kubwa kuliko yangu. Mimi nataka tuongee kuhusu treni.

Najua unacheka. Miaka yote umenifuata na hizo treni, kutoka jikoni hadi kwenye gari hadi mlangoni mwa choo, na mimi nikikujibu "enhe, enhe" huku nikitafuta viatu vya kazi. Ulikuwa unanishtaki kwa Macharia kwamba sisikilizi. Mara nyingi kweli sikuwa nasikiliza. Kuinua wazee wa watu kitandani kutwa nzima kule Temple Hills, ukifika nyumbani hata masikio yanakuwa yamechoka. Lakini kumbe mengine yaliingia. Wacha nikuonyeshe.

Treni yako ni ile wanayoiita mia mbili na tano. Ilianza kazi Tokyo miaka ya themanini, mimi nikiwa bado mtoto. Kabla yake treni zilikuwa za chuma cha kupakwa rangi, nzito, zinakula umeme. Hii mwili wake ni wa chuma kisichoshika kutu, haupakwi rangi, umeachwa vile vile uking'aa kama sufuria mpya, na mstari wa kijani tu ubavuni. Wakaiweka kwenye ile reli inayouzunguka mji, Yamanote. Nimelitamka sawa? Ikifunga breki, umeme unarudi juu kwenye waya, treni nyingine iutumie. Watu walipozidi, wakaiongezea mabehewa ya milango sita kila upande, na viti vyake asubuhi vinakunjwa ukutani ili watu waingie wengi wakiwa wima. Hapo nilikuuliza, "Na wazee je?" Ukaniambia wazee wapande behewa lingine. Nilikasirika nusura nimnyime mtu chakula cha jioni.

Halafu ikazeeka. Ukaniambia zikaletwa treni mpya, na zile za zamani nyingine zikapandishwa meli hadi Jakarta, zikaanza maisha upya huko. Nikasema, "Kwa hivyo ni treni ya mitumba?" Wewe na Macharia mlicheka mpaka akakaa chini sakafuni. Tangu siku hiyo mkiona kitu chochote kilichotumika, gari langu, ile microwave tuliyopewa kanisani, mimi mwenyewe nikitoka kazini nimejikunja mgongo, mnaita Jakarta. "Mum is in Jakarta today." Watoto nyinyi hamkuwa na heshima hata kidogo.

Ile treni mliyotengeneza na maboksi ya nafaka iko juu ya kabati langu. Wewe ulichora na kubandika, Macharia alikata, na ule mstari wa kijani ni tepu niliyowatafutia mimi, kwa hivyo nami ni fundi wa treni, usinisahau. Bado inasimama wima.

Sasa nikuambie jambo ambalo unalijua nusu. Jina lako.

Kwetu mtoto wa kwanza wa kiume anachukua jina la babake baba, wa pili anachukua la babake mama. Macharia alikuwa wa upande wa babako. Wewe ukaja, ukawa Kimani, baba yangu mzazi. Ndiyo maana nimekuita Baba tangu siku uliyozaliwa. Mama yeyote wa kwetu anafanya hivyo. Unamwosha mtoto matako huku unamwambia, "Baba, tulia nikupake mafuta." Ni kubembeleza tu, ni kama mchezo, na mzee wangu alipokuwa hai alipenda sana kusikia. Jina hilo lilikuwa jepesi, Kimani. Nataka ujue lilianza likiwa jepesi.

Babako aliporudi Nakuru na kuoa huko, Wambui akiwa bado ananyonya, mzigo wa nyumba niliugawa. Mimi nilichukua kazi, Macharia akachukua nyinyi. Sikumwomba. Alianza tu, na mimi nikafurahi kwamba ameanza. Alikuwa mtoto bado, lakini ndiye aliyepika, ndiye aliyesaini karatasi za shule kwa mwandiko wa kuiga wangu, ndiye aliyewafungulia mlango. Nikibisha nikitoka kazini alikuwa anauliza, "Nani?" Nasema, "Mimi." Akibisha yeye, mimi nauliza, "Nani?" Anasema, "Ni mimi, Mum. Macharia." Kila mara na jina lake, kana kwamba nina watoto ishirini wenye sauti ile. Wewe ulikuwa unasema "It's me," basi.

Siku aliyokufa mvua ilikuwa inanyesha. Alishuka basi ng'ambo ya University Boulevard, akavuka kuja nyumbani, na gari likamgonga. Dereva alikuwa kijana kama yeye. Hakukimbia. Tulimkuta amekaa ukingoni mwa barabara analia, simu bado iko mkononi. Nimejaribu kumchukia kijana yule na siku nyingine nimeweza.

Hayo unayajua, ulikuwepo. Ninayotaka uyasikie kutoka mdomoni mwangu ni yale ya baadaye.

Nyumba ilijaa watu. Wakenya wa hapa Adelphi, wale wa Burundi wa ghorofa ya chini, wamama wa kanisani na sufuria zao. Walianza kupika chai na hakuna aliyejua kikombe kiko wapi isipokuwa wewe, kwa hivyo ukawa unapita na chai. Ulikuwa umevaa koti la Macharia, mikono inakufunika vidole. Kila mwanamume aliyepokea kikombe alikushika bega akasema, "Wewe ndiye mwanaume wa nyumba sasa." Mjomba wako akapiga kutoka Nakuru, tukaweka simu mezani watu wote wasikie, naye akasema, "Kimani, sasa wewe ndiye kichwa cha hiyo boma. Usilie mbele ya mamako." Ukajipangusa uso na lile koti. Ulikuwa na miaka kumi na mitano.

Nilisikia yote. Nilikuwa nimekaa pale pale. Ningeweza kusema, "Mwacheni mtoto alie." Maneno matatu tu. Nilinyamaza, kwa sababu ndivyo inavyosemwa kwetu kwenye matanga, na kwa sababu, Mungu anisamehe, nilitaka mtu awe mbele.

Kisha kortini, Upper Marlboro. Siku ya hukumu ya yule kijana, jaji aliuliza kama kuna mtu wa familia anayetaka kusema. Nilikuwa nimejiandaa. Nilikuwa nimeyapanga maneno kichwani kwa Kiingereza kizuri cha mwalimu. Sikuinuka. Nikakugusa na kiwiko, nikakuambia kwa Kiswahili, "Baba, simama wewe."

Ukasimama. Ukasema wewe huwezi kukata mstari ulionyooka, mkono wako unapinda, kwa hivyo kaka yako ndiye aliyekuwa anakukatia. Basi. Ukakaa. Mama wa yule kijana aliinama akashika uso. Tulipotoka nje watu wetu walinishika mkono wakisema, "Mama Macharia, umelea mwanaume." Nilifurahi. Andiko hili lisomeke vizuri: nilifurahi. Nilikutazama nikaona kichwa cha nyumba na sikuona mtoto ambaye amebaki bila mtu wa kumkatia mstari.

Tangu siku ile sijakusikia ukitaja jina lake. Mimi nami sijakuuliza.

Kwenye gari wakati wa kurudi ukaanza treni. Nilifikiri, afadhali, anarudi kuwa yeye. Ukaniambia zile mia mbili na tano si zote zilizoenda Jakarta. Nyingine zilipelekwa kwenye reli ndogo za nje ya mji, ambako treni ndefu haihitajiki. Wakawa wanazikata kuwa fupi. Lakini treni ndefu, ulisema, ina vichwa viwili tu, mbele na nyuma, kote kwingine ni katikati. Ukizigawa kuwa fupi nyingi, vichwa havitoshi. Kwa hivyo mabehewa mengi ya katikati yalikatwakatwa yakawa chuma chakavu, na machache yakachukuliwa, yakatobolewa upande mmoja, yakajengewa uso. Kioo, taa, kiti cha dereva. Yakaambiwa yatangulie.

"Anayejua anatambua," ukasema. "Huo uso si kama wa zile za kwanza. Umebandikwa."

Nikasema, "Enhe."

Kisha ukasema, kwa Kiingereza, ukiangalia dirishani, kwamba lile behewa halikuomba kuwa mbele.

Nikasema, "Enhe," nikawasha taa ya kugeuka, maana njia yetu ya kutoka barabara kuu ilikuwa imefika.

Mwanangu, mimi nilikuwa mwalimu. Nilikuwa naweza kumjua mtoto aliyelala njaa kwa namna anavyoshika penseli. Na wangu amekaa kando yangu ananiambia kila kitu, kwa njia pekee aliyo nayo, na mimi natafuta njia ya kutoka.

Baada ya hapo ulihamia kwenye kochi. Ulisema chumbani kunanuka. Nikaamini, nikanunua ile dawa ya kupulizia, nikapuliza. Miaka mitatu umelala kwenye kochi karibu na mlango, na mimi nikiwaambia watu kwamba vijana wa siku hizi hawatoki mbele ya televisheni. Wambui ukamvusha barabara asubuhi na mchana, umemshika kifundo cha mkono kama polisi, msichana anakaribia kunipita urefu. Mimi nilikuwa nazunguka na gari kupitia Riggs Road nisipite pale alipogongwa. Mimi mzazi nazunguka, wewe mtoto unapita pale pale mara mbili kwa siku. Na kila kilipotokea kitu, bomba limeziba, barua imekuja, Wambui ana homa, nilikuwa naita nini? Baba. Baba, njoo uone. Baba, hebu piga simu huko. Baba, tutafanyaje?

Wiki iliyopita ulikuja hapa jikoni nikiwa nakanda unga wa chapati. Ulisimama pale kwa friji ukasema huendi. Ukasema umefikiria, chuo cha reli kule Tokyo kitangoje mwaka mmoja, labda miwili, Wambui bado mdogo, nami mgongo wangu si mzuri. Ulisema kwa utaratibu kabisa, kama mtu mzima anayetoa taarifa. Macho yako yalikuwa kwenye ukuta.

Nikasema, "Sawa, Baba."

Unataka kujua nilichosikia moyoni? Raha. Nilisikia raha, Kimani, kama mtu aliyevua kiatu kinachobana. Niliendelea kukanda unga nikiwaza kwamba utalala pale kwenye kochi, na mlango una mtu. Wewe ukatoka nje. Nilisikia hatua zako kwenye ngazi, zilikuwa za mzee.

Wambui alikuwa amekaa hapa mezani na vitabu vyake. Unamjua dada yako, mdomo wake hauna kifuniko. Akaniambia, "Mum, hapendi ukimwita hivyo." Kwa Kiswahili! Nadhani alitaka niumie vizuri. Nikamuuliza, hivyo vipi? Akasema, "Baba. Anasema ukisema Baba, anajua kuna kitu cha kubeba."

Nilisimama na unga mikononi. Na lile behewa likanirudia, neno kwa neno, na uso wa kubandikwa, na taa yangu ya kugeuka ikilia tik, tik, tik. Majuto ni mjukuu, wanasema. Wangu alinifikia pale pale jikoni.

Nilinawa nikaenda nikalala kwenye kochi lako. Usicheke. Nilitaka kuona unaona nini. Kichwa ukikiweka pale unapokiweka wewe, unaona mlango, na ndoano ya makoti, na lile koti. Basi, hakuna kingine. Miaka mitatu.

Uliporudi nilikuambia utaenda. Ulikasirika. Afadhali, nilikuwa sijaona hasira yako muda mrefu. Ulipaza sauti kwa Kiingereza mpaka watu wa chini wakazima redio, na mwishoni ukauliza swali moja tu ambalo lilikuwa la kweli: nani atamvusha Wambui?

Jibu ninalo leo, na ndiyo sababu nimekaa kuandika.

Kazini nimewaambia asubuhi sipatikani tena mpaka mtoto awe ameingia shule. Msimamizi alinuna, nami nikanuna kumshinda. Na leo asubuhi, ulipokuwa bado umelala, nimetoka na Wambui kwa miguu. Tulishuka mpaka University Boulevard. Tulisimama kwenye taa. Nilikuwa sijawahi kukanyaga pale tangu siku ile, na nilidhani ningekuta kitu, sijui nini, alama. Hakuna kitu. Kuna lami na watu wanaoenda kazini na kikombe cha kahawa cha mtu kimekanyagwa.

Taa ikaruhusu. Sikumshika Wambui. Wambui ndiye aliyenishika mimi. Tulipofika katikati nikaona zile reli mpya zimelazwa, ndefu, zimenyooka kabisa, za ile treni watakayotuletea. Kimani, itapita hapo hapo. Macharia angekuwa anakuja kuziangalia kila siku na wewe nyuma yake. Nikashindwa. Nililia pale katikati ya barabara, kwa sauti, mama mzima na begi la shule la mtoto begani, mpaka taa ikabadilika na magari yakaanza kupiga honi. Wambui akanivuta kwa nguvu zote. "Mum, tembea. Mum, tembea tu." Tukafika ng'ambo.

Siwezi kukudanganya kwamba sasa haiumi. Inauma mpaka sasa nikiandika. Lakini mchana nilirudi nikavuka tena kumchukua, na sikulia sana. Kesho kutwa, ukishaondoka, nitavuka. Hiyo kazi ilikuwa yangu tangu mwanzo, wewe ulinishikia tu, na nimekuja kuichukua.

Sikuambii utakuwa sawa huko. Sijui. Tokyo huna mtu, na najua ni nini kufika mji usio na mtu. Utaumwa siku moja na hakuna atakayekuletea maji. Utasimama kwenye treni imejaa watu na utasikia upweke mpaka kwenye meno. Mimi kwa upande wangu nitabisha mlango huu kwa kusahau, nami ndiye mwenye ufunguo. Nitapika chapati nyingi kuliko watu. Nitaumia, na wewe hutanizuia kuumia, hata ukilala kwenye kochi miaka mia. Nilichelewa kulijua hilo. Kuumia kwangu ni kwangu.

Ninachokuomba ni kidogo. Huko usiwe kichwa cha mtu yeyote kwa muda. Kaa katikati. Mtu akikuuliza una ndugu wangapi, usikwepe. Na ukitaka kulia, lia, hata kwenye hiyo Yamanote, nasikia kule watu wana adabu hawakutazami. Mjomba wako alisema usilie mbele ya mamako. Basi mamako mwenyewe anakuambia, mjomba wako alikosea na mimi nilikosea kumnyamazia.

Nasikia gari. Mmerudi, Wambui anacheka kwenye ngazi, nadhani umenyolewa kama yai.

Lile koti nimelitoa kwenye ndoano. Litabaki hapa na mimi. Nimekununulia lako, linakutosha mikono. Ile treni ya maboksi pia inabaki, huko utaona za kweli, hata kama ni zile mpya zilizowafukuza wazee wako.

Sasa tumalize. Mimi nitauliza, wewe utajibu. Na kwa kuwa unasoma kwa sauti kama nilivyokuambia, utajibu kwa Kiswahili, mara hii huna pa kutorokea. Soma polepole. Ukikwama, pumua, halafu endelea. Usiinuke kwenye hicho kiti kabla ya kumaliza.

Nani?

Ni mimi, Mum. Kimani.

Kimani nani? Baba?

Hapana. Baba yako alizikwa Nakuru. Mimi ni mtoto wako wa pili.

Na wa kwanza yuko wapi?

Wa kwanza alikuwa Macharia. Macharia alikufa, Mum. Alikuwa kaka yangu, na alikuwa ananikatia mistari.

Ndiyo, mwanangu. Alikufa. Nimekusikia.

Haya, nenda ukapande ndege.